Unauza Marekani ukiwa Dar? Soma hii kabla hujaanza kumkata mteja kodi ya mauzo

Jamani hii naiandika kwa wanaouza vikapu vya ukili, magauni ya kitenge, vinyago vya Mwenge, kupitia saiti zao wenyewe na wateja wako Marekani. Mtu anaambiwa tu "lazima ukusanye kodi ya kule", basi anaongeza asilimia 10 kwenye kila oda na hajui hata anailipa wapi. Acha kabisa. Kodi uliyomkata mteja sio hela yako, ni ya jimbo lake, na kuikusanya bila kusajiliwa na hilo jimbo ni kosa.

Kule hakuna VAT moja ya nchi nzima kama hii yetu ya asilimia 18. Kila jimbo na kodi yake, halafu kaunti na miji nayo inaongeza ya kwake juu. Matano tu hayana kodi ya mauzo ya jimbo, Delaware, Montana, New Hampshire, Oregon na Alaska, ila Alaska miji mingi inatoza yenyewe.

Zamani kama huna ofisi, stoo wala mfanyakazi ndani ya jimbo, walikuwa hawawezi kukulazimisha kukusanya. Tarehe 21 Juni 2018 Mahakama ya Juu ya Marekani ikabadilisha, kesi ya South Dakota dhidi ya Wayfair (kampuni inayouza fanicha mtandaoni), majaji 5 kwa 4, na tangu hapo jimbo linaweza kukudai kwa kiasi unachouza kwa watu wake hata kama hujawahi kukanyaga huko. South Dakota waliweka kiwango cha mauzo ya dola 100,000 au oda 200 kwa mwaka, wengine wengi wakafuata.

Sasa kazi yenyewe inaanza hivi: shusha oda zako zote za miezi 12, weka kwenye Exceli, panga kwa jimbo ambako mzigo unafikia. Hapa ndipo watu wanapochanganya, wanaangalia jumla ya mauzo yote Marekani wakati kinachohesabiwa ni kila jimbo peke yake. Tuseme umeuza dola 60,000 mwaka mzima, California 14,000, Texas 9,000, nyingine zimetawanyika. California na Texas wanaanza kwenye 500,000, New York ni 500,000 na pia oda zizidi 100, vyote viwili kwa pamoja, kwa hiyo huko bado uko mbali sana. Anayetakiwa kuwa makini ni muuza bangili za dola 8, maana oda 200 ni dola 1,600 tu na yapo majimbo bado yanahesabu oda. South Dakota wenyewe waliiondoa hiyo ya oda mwaka 2023.

Lingine ambalo wengi hawalijui ni stoo. Ukimtumia shangazi yako wa Houston maboksi ya vikapu akae nayo awe anawatumia wateja, tayari una mali ndani ya Texas, ile 500,000 haikusaidii tena, unatakiwa ujisajili kuanzia mwanzo.

Ukiuza kupitia Etsy, Amazon au eBay, kodi ya oda hizo wanakata na kulipa wao, usimdai mteja mara ya pili.

Ukishafikia kiwango cha mauzo cha jimbo, ingia tovuti ya idara ya kodi ya jimbo husika (Texas inaitwa Comptroller, kibali cha kukusanya kodi ni bure), au kama ni majimbo mengi kuna fomu moja ya Streamlined (mpango wa pamoja wa majimbo kuhusu kodi ya mauzo) inayobeba majimbo 24, nayo bure. Ukipata kibali ndio unawasha kodi kwenye saiti, na asilimia ya kodi inafuata anwani ya mteja mpaka postikodi yake, Houston kwa mfano ni asilimia 8.25. Texas wanatoza hadi gharama ya kutuma mzigo, ila New York nguo ya chini ya dola 110 jimbo halitozi, Pennsylvania nguo nyingi hazitozwi kabisa. Mteja akiwa ni duka linalonunua ili liuze tena, mwombe cheti chake cha kuuza tena, ukitunze, usimkate.

Hela ya kodi iweke akaunti ya pembeni, tafadhali sana, usije ukaizungusha kununua mzigo Kariakoo. Na ritani (taarifa ya kodi) unawasilisha hata mwezi ambao hujauza kitu, Texas ukichelewa ni faini ya dola 50 hata kama kodi ni sifuri.

Ushuru wa forodha ni kitu kingine, usichanganye. Ule msamaha wa mizigo ya chini ya dola 800 uliondolewa tarehe 29 Agosti 2025, kwa hiyo mwambie mteja mapema nani anaulipa. Ile Exceli nayo irudie kila baada ya miezi mitatu, hasa baada ya Krismasi, oda zinapanda ghafla.