Kuitembelea Kyoto Ukiwa na Mwongozaji Wako Binafsi
Mji wa Kyoto ulikuwa makao ya wafalme wa Japani tangu mwaka 794 hadi karne ya 19, na mahekalu yake ni mengi kiasi kwamba mgeni anayetaka kuyamaliza kwa siku moja huishia kutoona hata moja vizuri. Chagua maeneo matatu, yasizidi manne.

Kabla ya kulipa, muulize mwongozaji kama ana leseni ya kitaifa, kwa kuwa tangu mwaka 2018 sheria inamruhusu hata asiye nayo kufanya kazi hiyo kwa malipo. Uliza pia kama bei inajumuisha nauli na viingilio, vyako na vyake.

Anzeni alfajiri Fushimi Inari, hekalu la dini ya Shinto lililo mlimani, ambako hakuna kiingilio wala saa ya kufungwa, ili mpande mlima chini ya maelfu ya malango mekundu kabla umati haujafika. Kisha nendeni kwenye kasri la Nijo, la mtawala wa kijeshi (shogun) Tokugawa Ieyasu, lililokamilika mwaka 1603. Hapo ndipo thamani ya mwongozaji mzuri huonekana, kwa maana bila maelezo yake utaiona michoro ya chui milia na kuisikia sakafu inayolia kama ndege, lakini hutatambua kwamba vyumba vilipangwa kwa kufuata cheo cha aliyeruhusiwa kuingia.

Vaa viatu vyepesi kuvua. Mtaani Gion, maarufu kwa wasanii wa kike waitwao geisha, usiingie wala kupiga picha katika vichochoro vya watu binafsi, ambako mabango hutangaza faini ya yeni 10,000. Bakshishi si desturi ya Wajapani.