Nanga ya dunia mbili: namna ya kuitengeneza kwa ajili ya jukwaa

Kifaa chenyewe ni cha kubuni: nanga ndogo ya kiganga ambayo mhusika huitupa ng'ambo ya mlango usioonekana, ili mlango usihame naye apate njia ya kurudi. Mara nyingi hadithi za namna hii humpa mhusika jiwe linalong'aa, basi. Ukicheza Mikindani au Kilwa Masoko, jiwe halitoshi. Watazamaji wengi wanajua mashua, na nanga isiyoshika kama nanga wataicheka kabla mganga hajamaliza kunuiza.

Tunga kanuni zake kabla ya kushika tezo. Nanga haishiki kwa uzito peke yake. Hushika kwa sababu kamba ndefu inalala chini, inavuta kwa ubavu, na makucha yanazidi kujichimbia. Kamba fupi huvuta kwenda juu, makucha yanang'oka, chombo kinaburuzwa. Kamba tupu isiyo na mnyororo hutakiwa iwe mara 5 hadi 7 ya kina. Basi usiandike kwamba dunia mbili zina "umbali usiopimika". Zipe kina kwa pima. Zikiachana pima 2, mhusika abebe kamba ya pima 10.

Sasa leta bamvua, yaani siku za maji makuu. Pwani ya Mtwara, mwezi ukiandama au ukiwa mpevu, maji kupwa na maji kujaa hupishana kwa zaidi ya mita 3, na pima moja ni karibu mita 1.8. Aliyetia nanga maji yamekupwa, kwenye pima 2, yakijaa kina chake kinakaribia pima 4. Kamba yake ya pima 10 haifiki tena hata mara 3. Mlango unateleza bila jini wala adui. Tukio hili lina nguvu kuliko radi yoyote ya jukwaani, maana mtazamaji analiona linakuja kabla ya mhusika.

Kwa mwili wa nanga, mpingo uache. Unazama majini kwa uzito wake, bei yake si ya mchezo, na mwigizaji atachoka. Wamakonde wenyewe huchonga mapiko, vinyago vyao vya ngoma, kwa mti mwepesi, kwa kuwa mchezaji huyavaa kichwani. Gogo la mwembe linatosha: urefu sentimita 30, kipenyo 16. Liwe limekauka vizuri. Gogo bichi hupasuka kwa sababu nje husinyaa mapema kuliko kiini.

Toboa tundu kwa chini, kipenyo sentimita 8, kina 15, ulijaze mchanga mkavu, kama kilo 1.2. Bila mchanga huo mkono wa mwigizaji unamsaliti: anatamka "nzito" huku nanga ikipaa kama kibuyu. Mchanga wa ufukweni uoshe mara tatu kwa maji yasiyo na chumvi, kisha uukaange mpaka ukauke. Chumvi ikibaki huvuta unyevu, nao hula nyaya za taa utakazoweka kifuani. Shindilia kitambaa juu ya mchanga kabla ya kuziba, la sivyo utachakacha kama kayamba.

Makucha yawe 4, kama ya nanga ya mashua, si mawili kama ya baura. Kata nondo ya milimita 8, vipande vya sentimita 15, vipinde, vipige tupa ncha zisichome mtu, kisha vigandishe kwa gundi ya epoksi kwenye matundu ya sentimita 3. Kichwani tia pete ya chuma.

Rangi ni masizi ya sufuria yaliyochanganywa na vanishi: paka tabaka mbili nyepesi, msasa namba 240 katikati. Dawa ya viatu, ule ujanja wa kuwauzia watalii mpingo bandia, usiitumie. Jasho likishika inahamia kwenye kanzu, na vanishi haishiki juu ya nta.

Kifuani weka fulusi, sarafu ya shaba ya mtindo wa kale. Fulusi za Kilwa ziliokotwa mwaka 1944 hadi visiwa vya Wessel, kaskazini mwa Australia, kwa hiyo sarafu inayofunga ng'ambo mbili si jambo geni kwetu. Ya kale usiiguse. Magofu ya Kilwa Kisiwani na Songo Mnara ni urithi wa dunia tangu 1981. Muombe fundi viyoyozi kipande cha bomba la shaba la milimita 10, ulipasue na kulikunjua. Utapata bati la upana wa karibu sentimita 3, la kukatia fulusi yako. Likiwa gumu, lichome mpaka liwe jekundu, litie majini, litalainika.

Nyuma ya fulusi weka taa 2 za LED za buluu na betri 2 za volti 1.5. Betri zifuate mstari mmoja, lakini taa ziunge sambamba. Ukiziunga taa kwa kufuatana zitahitaji karibu volti 6 na hazitawaka.

Kamba iwe ya katani. Ya usumba, yaani ya makumbi ya nazi, huelea, na wavuvi wataliona hilo. Zungusha mara mbili kwenye pete, pitisha ncha mbele ya kamba kuu, iingize chini ya mizunguko yote miwili, kaza, kisha piga kitanzi kimoja kwenye kamba kuu. Acha mkia wa shubiri moja, maana katani mpya hulegea baada ya mivuto michache ya kwanza. Kaza tena baada ya mazoezi.