Rufaa imepitwa na muda? Fanya hivi kuomba kuongezewa muda

Watu wengi wakiambiwa "uko nje ya muda" wanakata tamaa, wengine wanapeleka rufaa hivyohivyo wakitegemea jaji atawaonea huruma, matokeo yake inatupwa hata hoja hazijasikilizwa na kiwanja kinaenda. Jamani msifanye hivyo, sheria ya Tanzania imeacha mlango.

Nachukua mfano wa kesi ya ardhi iliyoanzia Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Rufaa inaenda Mahakama Kuu ndani ya siku 45. Zikishapita unaanza na maombi ya kuongezewa muda, hapohapo Mahakama Kuu, yani chamba samansi (karatasi rasmi ya kupeleka maombi kwa jaji) pamoja na hati ya kiapo (maelezo yako ya maandishi unayoapa kuwa ni ya kweli), ukikubaliwa ndo rufaa inafuata. Na kama muda haujaisha ila unaona kabisa hutawahi, omba mapema, inaruhusiwa.

Kiapo ndo kila kitu. Mahakama ya Rufani ilishasema kwenye kesi ya Bushiri Hassan na Latifa Lukio Mashayo kwamba hata ukichelewa siku moja lazima uieleze. Kwenye ile ya Lyamuya Construction (maombi namba 2 ya 2010) ikataja inachoangalia: umeeleza siku zote? kuchelewa kwenyewe kumepitiliza? ulikuwa unafuatilia au ulizembea? na je, kuna sababu nyingine nzito, mfano hukumu yenyewe kuvunja sheria?

Tuseme hukumu imetoka tarehe 3 Machi, siku 45 zinaishia 17 Aprili. Ulilazwa kuanzia tarehe 5 mpaka 29 Aprili na karatasi za hospitali unazo, hapo uko vizuri. Ila maombi umefungua 12 Mei, sasa toka 30 Aprili mpaka 11 Mei ulikuwa unafanya nini? Wakili wa upande wa pili atakubana hapo hapo, na maombi mengi yanafia kwenye hizo siku za mwisho ambazo mtu anaona ni chache hazina neno. Kwa hiyo andika tarehe kwa tarehe: lini daktari alikwambia upumzike, lini ulienda kwa wakili, lini uliapa, lini ulilipia, na kila kimoja ambatanisha karatasi yake.

Kama ulichelewa kwa sababu ya kusubiri nakala ya hukumu, siku hizo zinaweza kutolewa kwenye hesabu, ila uwe uliomba kwa barua na nakala yako ya hiyo barua imegongwa muhuri wa kupokelewa, maneno ya "nilikuwa naenda naambiwa njoo kesho" bila karatasi hayatakusaidia. Ukimtaja mtu kwenye kiapo, iwe karani au jirani aliyekupeleka hospitali, naye aape kiapo chake.

Sababu ya "wakili wangu alizembea" mara nyingi haipiti, inauma lakini ndo hivyo. Ukisema hukumu ina kasoro ya kisheria, kasoro hiyo ionekane wazi kwenye kumbukumbu za kesi, isiwe mpaka uanze kuitafuta kwa maelezo marefu.

Ukikubaliwa sikiliza vizuri siku ulizopewa na zinahesabiwa kuanzia lini, ziandike kabla hujatoka mahakamani, maana zikipita nazo unarudi kuomba upya na safari hiyo jaji atakuuliza maswali magumu zaidi.