Kubadili mti wa bunduki nyepesi ya kuwindia: namna tunavyofanya Tanga

Bunduki iliyonifanya niandike haya ililetwa karakanani, hapa Ngamiani, na mzee mmoja mkulima wa Handeni, masika yakielekea ukingoni. Ni bunduki ya komeo, yaani unavuta komeo kwa mkono kila unapoingiza risasi, ya kilo tatu kasoro. Aliinunua kwa ajili ya wepesi huo, maana magoti yake hayataki tena mzigo porini. Akaniambia, "Fundi, kiangazi inapiga ninapolenga. Mvua zikianza inakwenda kushoto, tena si kidogo." Alikwisha badilisha darubini mara mbili. Nikachukua noti ya elfu moja nikaipitisha kati ya mtutu na mbao. Ilikwama kabla ya kufika hata robo ya njia. Mbao ilikuwa imekunywa unyevu, imevimba, inausukuma mtutu pembeni. Na kwenye shingo, pale kiganja kinaposhika, palikuwa na ufa mwembamba kama unywele.

Kazi ya mti wa bunduki ni kukishika chuma mahali palepale kila risasi inapotoka, iwe jua iwe mvua. Uzuri na wepesi vinafuata baadaye. Kwetu pwani, ambako hewa yenyewe ina maji, kazi hiyo ni ngumu kuliko inavyoonekana kwenye picha za matangazo.

Tuelewane maneno kwanza. Nikisema mti nina maana ya mbao yote, kuanzia kitako kinachokaa begani hadi ncha ya mbele chini ya mtutu. Jino ni kipande cha chuma kinachoshuka chini ya chumba cha risasi na kuzama kwenye mbao. Hilo ndilo linalopokea teke bunduki inaporudi nyuma. Mwili ni sehemu ya chuma nyuma ya mtutu, ambamo komeo hupita, na nikisema chuma nina maana ya mtutu na mwili pamoja. Kalio ni mahali chuma kinapokaa ndani ya mbao.

Kabla ya kugusa bisibisi

Tanzania silaha inaongozwa na Sheria ya Udhibiti wa Silaha na Risasi ya mwaka 2015, na kutengeneza silaha za watu ni kazi ya leseni. Kama wewe ni seremala hodari lakini huna leseni hiyo, chonga mti tu, kisha bunduki ifungwe na fundi mwenye leseni, mwenyewe akiwepo na kibali chake. Bunduki haiachwi kwa seremala ilale. Mtutu haufupishwi, namba haiguswi. Katika mwongozo huu tunashughulika na mbao peke yake.

Hatua ya 1: Toa risasi, pima, andika

Toa magazini, vuta komeo, tazama ndani ya chumba cha risasi kwa macho, kisha ingiza kidole kidogo uhakikishe. Risasi zote ziondoke kwenye chumba unachofanyia kazi. Litoe komeo ulifungie sehemu nyingine.

Sasa pima bunduki ilivyo: uzito, umbali kutoka triga hadi mwisho wa kitako, na kimo cha kitako chini ya mstari wa mtutu. Piga picha kila upande. Siku ya kuunganisha utashukuru.

Hatua ya 2: Kufungua

Bunduki nyingi za komeo zina skurubu mbili kubwa zinazoshika chuma na mbao, moja mbele karibu na jino na nyingine nyuma ya triga. Anza kulegeza ya nyuma, kisha ya mbele, na uziweke kwa alama maana mara nyingi urefu wake haulingani. Tumia bisibisi inayojaa mfereji wa skurubu, kwa kuwa bisibisi nyembamba inakula kichwa. Chuma kisipotoka usikichokonoe kwa patasi. Kinyanyue sawasawa kwenda juu huku ukiugonga mti taratibu kwa kiganja.

Angalia jino lake ni la aina gani. Kwenye Mauser 98 limetengenezwa pamoja na mwili wa bunduki. Kwenye Remington 700 ni bamba lililobanwa kati ya mtutu na mwili. Kwenye Tikka T3 halimo kwenye mwili kabisa: ni kipande cha peke yake kilichokaa kwenye mti, cha alumini kwenye T3 za mwanzo na cha chuma kwenye T3x, toleo lililofuata. Mwenye Tikka akitupa mti wa zamani bila kukitoa kipande hicho, amekitupa nacho.

Hatua ya 3: Kuchagua mti

Mti wa kununua wa plastiki ngumu au nyuzi za kaboni hauvimbi kwa mvua, na kwa mtu anayewinda pembezoni mwa Pangani ni chaguo la busara. Ukichagua huo, ruka hatua ya kuchonga lakini usiruke ya epoksi, ile gundi ya kuchanganya inayokauka ngumu, maana mti wa kiwandani haukuchongwa kwa kipimo cha bunduki yako.

Mimi napenda mbao, na katika mbao napenda mninga. Ukikauka vizuri hausogei sana unyevu unapobadilika, na hauna uzito wa kutisha. Mtiki wa Longuza, kule Muheza, nao ni imara, ila una mafuta ya asili yanayokataa gundi: ufute kwa asetoni kabla ya kugundisha. Mpingo uache. Ni mzuri kwa macho, lakini una uzito unaokaribia mara mbili ya mninga na huzama majini. Nunua mbao yenye risiti na kibali cha mazao ya misitu, na uvae barakoa unapopiga msasa, kwa sababu vumbi la mninga linawasha pua na kifua.

Tazama nyuzi kabla ya bei. Kwenye shingo nyuzi zipite kwa urefu, kutoka mbele kwenda nyuma bila kukatika. Zikikatiza shingo kwa mshazari, teke litaipasua hapo. Ndivyo ulivyopasuka ule wa mzee wetu. Ukavu pia hauharakishwi: mafundi wengi huhesabu mwaka mmoja wa kivulini kwa kila inchi ya unene.

Wepesi nao una bei. Ukiishusha bunduki kutoka kilo 3.5 hadi 2.8, kwa risasi ileile, nguvu ya teke inapanda kwa robo nzima. Nimewaona watu wakichimba kitako ndani ili kupunguza gramu mia mbili, halafu wanaanza kufumba macho kabla ya kuvuta triga. Mzee nilimwambia waziwazi kwamba uzito tusiuguse.

Hatua ya 4: Kukalisha chuma kwa masizi

Hapa ndipo kazi yenyewe ilipo, na hapa ndipo pa kukaa siku nzima bila kuona haya. Washa koroboi, pitisha chuma juu ya moshi hadi kipate utando mweusi wa masizi chini na kwenye jino. Kishushe kwenye mbao wima, kigonge kidogo, kinyanyue. Penye alama nyeusi ndipo panapogusa. Kwangua hapo tu, kwa patasi yenye makali ya kunyolea, unyoya mmoja wa mbao kwa wakati. Paka masizi tena, rudia.

Mwanzo utaona vidoa viwili vitatu. Baada ya saa kadhaa vidoa vinaongezeka na kusambaa. Unachotafuta ni weusi uliotapakaa chini ya mwili wote na, zaidi ya pote, kwenye ukuta wa nyuma wa jino. Ukuta huo ndio unaobeba teke. Ukigusa upande mmoja tu, bunduki itajipinda kidogo kila ikipigwa, na hakuna darubini itakayoliponya hilo.

Triga isiguse mbao popote. Acha nafasi ya kutosha kila upande, ukikumbuka kwamba mbao itavimba. Triga inayosuguana na mbao inaweza isirudi mahali pake, na hiyo ni hatari ya uhai wa mtu.

Hatua ya 5: Nafasi ya mtutu

Mtutu mwembamba wa bunduki nyepesi unasukumwa kirahisi, kwa hiyo uuache huru. Zungushia msasa kijiti cha mviringo upanue mfereji hadi noti iliyokunjwa mara mbili ipite bila kukwama kutoka ncha hadi karibu na chumba cha risasi. Kwa mbao ya pwani mimi naacha milimita moja na nusu. Wanaopenda mbao iubane mtutu kwa uzuri nawaelewa, lakini waje masika tuongee.

Hatua ya 6: Epoksi

Hata ukichonga vizuri namna gani, mbao ni mbao. Tunatandika tabaka jembamba la epoksi nyuma ya jino na chini ya mwili ili chuma kikae kwenye kitu kisichovimba.

Kwangua mbao milimita mbili hivi mahali itakapokaa epoksi. Bandika utepe wa umeme mbele, pembeni na chini ya jino, lakini ukuta wa nyuma uache wazi, kwa kuwa ndio unaotakiwa kugusana na epoksi. Paka chuma chote nta ya viatu isiyo na rangi, mara mbili, ukifuta katikati. Ziba kila tundu na kila pembe inayoweza kunasa kwa plastisini ya watoto. Paka nta skurubu pia.

Rudi tena utazame matundu. Mwaka wa kwanza wa kazi hii nilisahau tundu moja la pembeni. Epoksi ikaingia, ikakauka, chuma na mbao vikawa kitu kimoja. Tuliuweka mti na chuma chake ndani ya jokofu la karakana usiku kucha, chuma kikasinyaa, asubuhi kwa kugonga taratibu kikaachia. Mti ulipona, lakini ule usiku sikulala.

Kwa joto la Tanga epoksi hukauka mbio kuliko maelezo ya kopo. Changanya asubuhi mapema, kiasi kidogo. Shusha chuma, kaza skurubu kwa vidole tu, futa kinachomwagika, acha saa 24.

Hatua ya 7: Urefu wa kitako

Umbali kutoka triga hadi mwisho wa kitako kwa watu wengi ni sentimita 34 au 35, pamoja na mpira. Lakini mpime mwenyewe akiwa na nguo zake za porini: bunduki ikiwa begani, kati ya kidole gumba na pua pabaki vidole viwili au vitatu. Kwa bunduki nyepesi weka mpira laini mnene. Ni gramu zinazojilipa.

Hatua ya 8: Mafuta

Tumia mafuta ya kitani yaliyochemshwa, tabaka jembamba, siku moja moja, mara sita au zaidi. Mafuta ya nazi hayakauki, yaache jikoni. Paka pia ndani ya kalio, ndani ya mfereji na chini ya mpira wa kitako, maana maji huingia kwa wingi kwenye ncha za nyuzi zilizokatwa. Mrima wetu huu uliwahi kupeleka sandarusi, utomvu mgumu wa miti, hadi Salem, Marekani, katika karne ya 19, ikatengenezwe vanishi. Leo vanishi tunanunua dukani, na kwa bunduki siipendi: ikichubuka, maji yanaingia chini yake bila kuonekana. Matambara yenye mafuta ya kitani yaloweke majini au yatandaze nje, kwa sababu yakirundikwa hupata joto yenyewe na kuwaka.

Hatua ya 9: Kukaza, kukagua, kulenga

Simamisha bunduki kwenye kitako chake ili jino lilale nyuma kwenye ukuta wake. Kaza skurubu ya mbele kwanza, kisha ya nyuma, kwa bisibisi yenye kipimo: niutoni-mita 4 hadi 5 kwa mbao tupu, ila kiwanda kikitaja kipimo chake fuata hicho. Kisha weka kidole kwenye kiungo cha mtutu na mbao, mwenzako alegeze skurubu ya mbele. Ukihisi mtutu unaruka, kalio bado lina mkazo, rudi kwenye epoksi.

Rudisha komeo. Lisisugue ncha ya skurubu ya mbele. Pitisha risasi bandia zote. Bunduki ikiwa tupu, ivute tayari, weka kufuli ya usalama, bonyeza triga, achia, ondoa kufuli: isifyatuke.

Kwenye uwanja wa shabaha ulioruhusiwa, piga tatu kwa mita 100, acha mtutu upoe kabisa, kisha tatu tena. Mtutu mwembamba hupata moto haraka, na ukiharakisha utarekebisha darubini kwa kosa la joto. Tegemea risasi zianguke mahali tofauti na zamani, huo ni mti mpya. Kwenye kadi andika kipimo cha skurubu, tarehe na risasi zilipoangukia. Kadi ya mzee wa Handeni ina mistari miwili sasa, wa Julai msimu ulipofunguliwa, na wa Mei iliyofuata, baada ya mvua kubwa. Tofauti kati yake ni upana wa kidole kimoja.