Somo: Modeli ya pango la uduvi asiye na macho

Wazazi wenzangu wa CBC (ule mtaala wa shule za Kenya), kama mwalimu ameitisha modeli ya mnyama aliye hatarini na mmechoka kukata faru wa katoni, jaribuni huyu uduvi wa pango la Mammoth kule Kentucky, Marekani. Kisayansi ni Palaemonias ganteri. Urefu wake sentimita 3 hivi, mwili unapitisha mwanga, macho hana, na hajapatikana nje ya mito ya chini ya ardhi ya eneo hilo. 1983 Marekani ilimweka kwa orodha ya walio hatarini.

Kwanza tafuta chupa ya maji ya lita 5, ile unaona ndani, ukate juu. Laza kikombe cha plastiki hapo chini, mdomo ugusane na ukuta wa chupa ndio watu waone ndani. Hilo ndio pango.

Uduvi mkate kutoka kwa chupa ya soda, umwekee nyuzi ndefu nyeupe mbele maana yeye hupapasa tu. Tafadhali usichore macho hata kama mtoto analia! Mweke ndani ya kikombe, chini yake paka tope laini, chakula chake kiko hapo, vijidudu na mabaki ambayo maji yameleta kutoka juu.

Halafu funika kikombe na kokoto (mjengo wowote utapata za bure ukiomba fundi vizuri), juu ya kokoto weka sponji ya kijani yenye tundu (ndio ardhi ya juu na shimo la kupitisha maji), na kigari cha kuchezea karibu na tundu.

Sasa hapa ndio marks ziko. Mtoto amwage maji ya bitiruti pale kwa kigari, kisha maji safi polepole, na watu waangalie chini, wekundu unateremka kati ya kokoto hadi unamfikia uduvi na hakuna kitu kimeuchuja. Mawe ya chokaa ya pango hilo ndio hivyo, maji ya mvua yenye asidi kidogo yameyala kwa miaka mingi yakaacha mianya, kwa hivyo lori likimwaga mafuta huko barabarani au dawa ya shamba ikisombwa, inaenda moja kwa moja pangoni. Beba pia ganda la yai (ni kitu kile kile cha mawe ya chokaa) na siki ambayo ndio asidi, waone povu likitoka.

MASWALI

Mama Taji: Naeza pata huyu nifuge?
– Hapana dada, sheria inamlinda. Wale uduvi wekundu wa kwa tangi la samaki ni wengine, asili yao Asia.

Baba Neema: Si tungetumia tu mapango ya msitu wa Karura hapa Nairobi, ya Marekani ya nini?
– Ya Karura ni mawe ya volkano kaka, si chokaa. Ukitaka ya nyumbani fanya milima ya Chyulu, nayo ni volkano lakini mvua inazama kwa mawe inatokea chemchemi ya Mzima, na hayo maji yanakunywewa Mombasa.

Mwalimu K: Na suluhisho? Lazima waandike.
– Waandike bwawa nambari 6 la mto Green, ule unaopita hapo kwa pango la Mammoth. Lilijengwa 1906, likafanya maji yarudi nyuma hadi mapangoni na kuleta tope jingi. 2017 likabomolewa.

Shiro: Hii kitu itafika shule na matatu kweli?
– Beba ikiwa kavu, kokoto kwa mfuko wake. Maji mtapata huko.