Somo: Viungo vya Cajun vya kuchanganya nyumbani, kwa samaki wa ukoko mweusi

Wadau, maswali yanayokuja ni yaleyale. Mbona samaki wangu amekuwa mchungu? Mbona nyumba imejaa moshi? Nikikosa paprika (unga mwekundu wa pilipili isiyo kali) niweke pilipili? Nayajibu yote hapa. Atakayeuliza tena nitamwelekeza kwenye uzi huu.

Kwanza tujue tunachopika. Mtindo huu ni wa Louisiana, kusini mwa Marekani, lakini si wa kale kama wengi wanavyodhani. Cajun ni uzao wa Wafaransa wa Acadia, waliofukuzwa na Waingereza huko Kanada kuanzia mwaka 1755. Mapishi yao ya tangu zamani ni ya sufuria moja: gumbo, jambalaya, mchuzi mzito wa kamba. Samaki wa ukoko mweusi alivuma kupitia mpishi Paul Prudhomme, mzaliwa wa Opelousas, aliyefungua mgahawa wa K-Paul's Louisiana Kitchen mjini New Orleans mwaka 1979. Alichovya minofu ya samaki aitwaye redfish kwenye siagi iliyoyeyushwa, akaipaka viungo, akaiweka kwenye kikaango cha chuma chenye moto mkali kupita kiasi cha kawaida. Watu walimpenda redfish mpaka uvuvi wake wa kibiashara katika Ghuba ya Mexico ukabanwa mwishoni mwa miaka ya 1980. Kwa hiyo hata wenyewe Louisiana hutumia samaki wengine, kambare akiwemo. Mwenye sangara au changu asijione anabahatisha.

Mchanganyiko huu umetungwa uvumilie moto huo. Ukielewa hilo, utaelewa kwa nini hauna sukari, hauna kitunguu saumu kibichi, na kwa nini chumvi yake inahesabiwa.

VIPIMO (vijiko vyote visawazishwe juu kwa kisu)

Paprika tamu, vijiko vya chakula 4
Chumvi laini ya mezani, vijiko vya chakula 2
Kitunguu saumu cha unga, kijiko cha chakula 1
Kitunguu maji cha unga, kijiko cha chakula 1
Pilipili kali ya unga aina ya cayenne, kijiko cha chakula 1
Pilipili manga, vijiko vya chai 2
Pilipili nyeupe, vijiko vya chai 2
Thaimu kavu, vijiko vya chai 2
Oregano kavu, vijiko vya chai 2

Unapata karibu gramu 100, zinazotosha minofu 17 hivi.

Paprika ndiyo mwili wa mchanganyiko. Inaleta rangi, utamu mdogo na unga wa kutosha kufunika nyama bila kuwasha. Ukiitoa ukajaza pilipili kali mahali pake, utakuwa na kitu kingine kabisa, na hutakila. Ya moshi inaruhusiwa, ila isizidi kijiko kimoja kati ya vile vinne, maana inameza harufu ya thaimu.

Pilipili ni tatu na hakuna inayorudia kazi ya mwenzake. Cayenne inachoma ulimi na koo, pilipili manga inatoa harufu, nyeupe inakuja polepole baada ya kumeza. Ukiacha nyeupe chakula kitalika, ila utaona kuna kitu kimepungua.

HATUA

1. Pima vyote kwenye bakuli kavu.

2. Sugua thaimu na oregano kwa viganja mpaka vijiti vitoke, vitupe. Usisage viwe vumbi. Vumbi la majani huungua kabla ya mengine.

3. Changanya kwa uma, pondaponda mabonge ya kitunguu saumu, weka kwenye chupa ya kioo yenye kifuniko cha kubana.

4. Toa samaki kwenye friji dakika 20 kabla. Mkaushe kwa karatasi ya jikoni mpaka karatasi isilowe tena. Mnofu uwe na unene wa sentimita 1.5, usizidi 2. Mnene zaidi unaungua nje ndani bado mbichi.

5. Kikaango na siagi. Hapa ndipo wengi wanaharibu, kwa hiyo someni taratibu.

Kikaango kiwe kizito, cha chuma cha kusubu, kisichopakwa chochote. Kiweke kitupu kwenye moto mkali kwa dakika 8 hadi 10. Dondosha tone la maji: likichemka na kukauka papo hapo, bado. Likijikunja likawa gololi na kukimbia juu ya chuma, kiko tayari. Usiweke mafuta wala siagi ndani yake. Siagi isiyo na chumvi iyeyushe pembeni, umchovye samaki pande zote mbili, ndipo unyunyize kijiko kimoja cha chai cha viungo kila upande na kukandamiza kwa kiganja. Siagi ikae juu ya samaki. Sababu ni kwamba mabaki ya maziwa yaliyomo kwenye siagi huanza kuungua karibu nyuzi 150 za Selsiasi, na kikaango hiki kimeshapita 200. Siagi ikitangulia peke yake ndani, inakuwa masizi kabla samaki hajafika, na masizi hayo ndiyo uchungu mnaoulalamikia. Ikiwa juu ya samaki, unyevu wa nyama unaipunguzia joto, mabaki ya maziwa na paprika vinakaangika pamoja, na ukoko unakuwa wa hudhurungi iliyokolea inayokaribia weusi. Weusi tunaoutafuta ni huo. Weusi wa mkaa ni kuungua.

Onyo la kwanza: usitumie kikaango cha nonstiki. Utando wake huanza kuharibika ukipita nyuzi 260, unatoa mvuke wenye sumu, na kikaango kitupu kwenye moto mkali hufika huko haraka.

Onyo la pili: moshi wa cayenne unakereketa koo na macho. Pikeni nje, jiko la mkaa linafaa sana. Mwenye pumu na watoto wakae mbali.

Onyo la tatu: siagi inaweza kushika moto. Kifuniko cha chuma kiwe karibu, funika, zima jiko. Usimwage maji kamwe.

6. Mlaze samaki, usimguse dakika 2. Geuza mara moja tu kwa mwiko bapa, dakika 2 nyingine. Nyama ikiachana kwa uma, tayari. Mwenye kipimajoto atafute nyuzi 63.

7. Pangusa kikaango kwa karatasi kabla ya mnofu unaofuata. Masizi ya wa kwanza yanamchafua wa pili.

MASWALI YA WADAU

Chaurembo: Mkuu paprika sina, naweza kuweka pilipili ya unga tu?

Mwandishi: Hapana. Aya iliyo chini ya vipimo.

Mama Tunu: Asante kwa somo. Mimi nina pilipili kichaa niliyokausha na kusaga mwenyewe. Ni kali kuliko ya dukani. Nitumie kiasi gani badala ya cayenne?

Mwandishi: Swali zuri, mama. Pilipili kichaa kwa kawaida ina ukali mara mbili ya cayenne au zaidi, kwa hiyo anza na kijiko kimoja cha chai mahali pa kijiko cha chakula. Pengo la ujazo lijaze kwa paprika, vijiko vya chai viwili, ili uwiano wa chumvi usibadilike. Kabla ya kuchanganya vyote, koroga chembe yake kwenye kijiko cha siagi ya moto uonje, maana mafuta yanauonyesha ukali kuliko ulimi mkavu. Na uchekeche, mbegu zilizobaki nzimanzima huungua.

Mzee wa Kolekole: Nimefuata kila kitu, samaki amekuwa mchungu kama dawa. Vipimo vyako vina shida.

Mwandishi: Kikaango gani? Siagi uliiweka wapi?

Mzee wa Kolekole: Cha nonstiki. Siagi nilianza nayo kwenye kikaango kama tunavyopika siku zote.

Mwandishi: Basi hukufuata. Hatua ya 5 imeyakataza yote mawili na sababu zipo. Vipimo havina shida.

Mzee wa Kolekole: Sawa, sina kikaango cha chuma. Nifanyeje?

Mwandishi: Chapati unapikia nini? Chuma cha chapati kizito kinafaa kabisa, mradi ni chuma kitupu. Pika mnofu mmoja mmoja, kwa sababu hakina kingo za kuzuia siagi inayotiririka kwenye moto.

Binti Sauda: Mwalimu, kwa nini chumvi iwe ndani? Si bora kila mtu aweke yake?

Mwandishi: Unaweza, na kwa wali au mchuzi nakushauri utengeneze chupa ya pili isiyo na chumvi. Kwa samaki wa ukoko mweusi naiweka ndani kwa hesabu. Gramu 100 za mchanganyiko zina takriban gramu 36 za chumvi. Vijiko viwili vya chai juu ya mnofu wa gramu 200 vinabeba kama gramu 2 za chumvi, yaani asilimia 1 ya uzito wa samaki, kiwango ambacho watu wengi hukiona kimekaa sawa. Ukitumia chumvi ya mawe yenye chembe kubwa kijiko kitabeba pungufu, kwa hiyo pima kwa mizani. Na siagi yenye chumvi itaivuruga hesabu hii.

Binti Sauda: Nimeelewa. Na samli badala ya siagi?

Mwandishi: Samli imeondolewa yale mabaki ya maziwa, kwa hiyo inavumilia moto zaidi na moshi unapungua. Ila ukoko utakuwa mwekundu kuliko mweusi, na ile harufu ya siagi iliyokaangika hutaipata. Nusu samli, nusu siagi inaleta mapatano mazuri. Ijaribu kwanza kwa kamba: dakika moja na nusu kila upande, kwani kamba hawasubiri.

Msafiri wa Minnesota: Naishi ghorofani, jiko la umeme, king'ora cha moshi kinalia hata nikikaanga yai. Niache tu?

Mwandishi: Usiache, badilisha njia. Washa oveni nyuzi 230, trei ya chuma ikae ndani dakika 20 ishike moto. Mchovye samaki kwenye siagi, mpake viungo, mlaze kwenye trei dakika 7 hadi 8 bila kumgeuza. Ukoko utakuwa wa kahawia, hautafika weusi wa kikaango, lakini ladha ipo. Usizime king'ora.

Kijana wa Jiko: kuku inawezekana?? dk ngapi

Mwandishi: Inawezekana. Kidari kipasuliwe na kupondwa kifike sentimita 1.5. Moto wa kati, dakika 4 hadi 5 kila upande, ndani ifike nyuzi 74. Ukitumia moto wa samaki utakula mbichi.

Kijana wa Jiko: na sukari kidogo ili ukoko ukolee?

Mwandishi: Sukari inaungua kwenye joto hili. Imeshasemwa juu.

Mama Tunu: Huku pwani unyevu unanishinda. Chupa yangu ya mwisho iligeuka tofali.

Mwandishi: Anayeleta shida ni kitunguu saumu cha unga, kinavuta maji kutoka hewani kuliko vyote. Usinyunyize kutoka kwenye chupa juu ya sufuria inayotoa mvuke. Mimina kwanza kwenye kisahani. Kijiko kiwe kikavu. Punje chache za mchele mkavu ndani ya chupa zinasaidia. Weka kabatini mbali na jua, kwa sababu mwanga unaua rangi ya paprika, na tengeneza kiasi cha miezi mitatu. Bonge likishatoa harufu ya uvundo, tupa.

Chaurembo: Nimepata paprika. Mashine yangu ya kusagia bado inanuka pilipili hata nikisaga iliki ya chai. Kuna dawa?

Mwandishi: Saga mchele mkavu vijiko viwili mpaka uwe unga, mwaga, rudia, kisha pangusa kwa kitambaa kikavu. Mchele unabeba mafuta ya pilipili. Usioshe kwa maji sehemu yenye mota.

Binti Sauda: Nami naongeza: mchanganyiko uliobaki nimeuweka kwenye siagi laini na ndimu, nikapaka mahindi ya kuchoma.

Mwandishi: Sahihi kabisa. Siagi gramu 100, viungo vijiko vya chai viwili, maji ya nusu ndimu. Paka mahindi yakishatoka motoni. Ukipaka yakiwa juu ya makaa, siagi inadondoka na moshi wake utayatia uchungu uleule.