Ukitaka kupinga mahakamani ajira ya walimu wa msingi

Nimewasaidia walimu wengi kuandaa majalada ya kesi hizi, na swali langu la kwanza huwa ni tarehe: matokeo yalitangazwa lini? Muda wa kupinga uamuzi wa mamlaka ya umma huwa mfupi, mara nyingi miezi michache tu.

Mwandikie kwanza mwajiri, uombe alama zako na vigezo vilivyotumika. Baki na nakala yenye mhuri wa mapokezi. Usipopitia ngazi hiyo, mahakama nyingi zitakurudisha huko huko.

Kisha weka tangazo la kazi na karatasi ya alama mezani, usome mstari kwa mstari. Kesi yako imo humo. Tangazo lilitaka cheti na usaili. Mbona orodha ya mwisho imepangwa kwa umri? Alama 62 imekatwa ikawa 48, sahihi ya mjumbe wa jopo la usaili iko wapi? Kusema tu “nilistahili kuliko wao” hakutoshi, kwa sababu jaji hasahihishi usaili upya, anapima utaratibu. Ubaguzi wa jinsia, dini au rangi ni hoja nzito peke yake. Mkataba wa Shirika la Kazi Duniani (ILO) namba 111 wa 1958 unalenga kuuondoa katika ajira.

Walioajiriwa waunganishwe kwenye shauri, maana amri itawagusa. Omba mapema zuio la muda, yaani amri ya kusimamisha ajira hizo hadi kesi iamuliwe, kabla hawajaripoti shuleni; wakishaanza kufundisha, jaji husita kuwatoa watoto mikononi mwa mwalimu waliyemzoea. Jiandae pia kwamba ukishinda, mara nyingi utapata usaili kurudiwa, si barua ya ajira.